Moshi wa Michezo Umo Kwenye Ratiba

Gari la daraja la juu kwenye Safari Rally halitumii petroli ya kituoni. Tangu msimu wa 2022 mashindano ya dunia ya WRC yamekuwa yakiendeshwa kwa mafuta yasiyotokana na petroli ya kuchimbwa. Kwa hiyo lile gari linalopita Kedong kwa kasi na kuwaacha watazamaji weupe kwa vumbi huenda ndilo chombo kisafi kuliko vyote vilivyopo Naivasha wiki hiyo. Juu yake kuna helikopta zinazolifuata kwa kamera. Nyuma yake kuna maelfu ya magari ya mashabiki kutoka Nairobi, mengine yakiwa na mtu mmoja ndani ya viti saba, foleni imejipanga kuanzia Mai Mahiu, na Jumapili jioni foleni hiyo hiyo inageuka kurudi nyumbani. Mafuta ya magari hayo hayatajwi kwenye tangazo lolote.

Formula 1 wamefanya hesabu ya moshi wao, na inafaa kusomwa na kila anayesimamia michezo. Mwaka 2019 walichapisha makadirio ya gesi joto za msimu wa 2018: takriban tani 256,000 za hewa ukaa. Injini za magari ya mashindano, ambazo ndizo zinazonguruma na kulaumiwa na kila mtu, zilichangia asilimia 0.7 tu. Kusafirisha mizigo, yaani magari, vipuri, mitambo ya matangazo na vifaa vya wageni, kutoka mji mmoja wa mashindano hadi mwingine kulichukua asilimia 45. Safari za watu zilikaribia 28. Ukitaka kupunguza moshi huo unaweza kuajiri wahandisi wapigane na ile asilimia 0.7, au unaweza kuketi na kalenda na penseli. Walifanya yote mawili. Penseli iliyahamisha mashindano ya Japani hadi Aprili kuanzia 2024, yawe karibu na ya Australia na China, badala ya msafara mzima kurudi tena upande huo wa dunia baadaye mwakani. Ila kalenda hiyo hiyo imenenepa: mwaka 2018 ilikuwa na mashindano 21, mwaka 2024 yakawa 24.

Mgogoro wa michezo na mazingira unaonekana wote katika mfano huo. Kwa michezo mingi, uchafuzi mkubwa hautokei uwanjani. Unatokea njiani kwenda uwanjani, kwenye zege la uwanja wenyewe, na kwenye biashara ya mdhamini ambaye jina lake limeandikwa ubaoni. Mambo haya matatu huamuliwa ofisini, miaka kadhaa kabla ya filimbi ya kwanza, na watu wanaopanga nani acheze wapi, lini, mara ngapi, na kwa fedha za nani. Sisi tunaoneshwa mapipa ya taka ya rangi tatu na nahodha akipanda mti.

Sidharau mapipa. Nenda Uwanja wa Benjamin Mkapa saa moja baada ya Simba na Yanga kumalizana. Kwenye ngazi na nje ya mageti, chupa za maji na za soda zimetapakaa, na kabla taa hazijazimwa waokota makopo wameshaingia kazini: viroba vya salfeti begani, mikono mitupu bila glavu, wakikanyaga kila chupa ili itoshe. Chupa hizo huuzwa kwa kilo. Wasingekuwepo wao, plastiki ile ingeishia kwenye mitaro ya Temeke na mvua ya kwanza ingeirudisha barabarani. Hawamo kwenye kamati yoyote ya mazingira ya klabu wala ya bodi ya ligi, na mdhamini anayetaka kuonekana wa kijani angeanza kwa kuwanunulia glavu na kuwalipa posho ya siku ya mechi. Lakini tukubaliane na ukubwa wa mambo. Chupa ina mnunuzi. Moshi wa ndege iliyoleta timu ya wageni, na wa basi lililowatoa mashabiki Mbeya usiku kucha, hauna anayeuokota.

Somo kubwa kuliko yote lilitolewa na Qatar. Waandaaji wa Kombe la Dunia la 2022 pamoja na FIFA walitangaza kwamba hilo lingekuwa la kwanza kutoiongezea dunia hewa ukaa, kwa maana kwamba kila tani ingefidiwa mahali pengine. Makadirio yao wenyewe yalikuwa tani milioni 3.6, zaidi ya nusu ikiwa safari. Viwanja saba vilijengwa vipya, cha nane, Khalifa, kikafanyiwa ukarabati. Sasa zege la viwanja hivyo lilihesabiwaje? Kila uwanja wa kudumu ulikadiriwa kuishi miaka 60, kisha Kombe la Dunia likabebeshwa sehemu inayolingana na siku zake tu. Miongo yote iliyobaki ikawekwa kwenye deni la watumiaji wa baadaye. Kwa njia hiyo, viwanja vilionekana kuzalisha tani laki mbili na kidogo. Mei 2022 taasisi ya Carbon Market Watch ilipitia hesabu hiyo na kusema tarakimu halisi ingekuwa tani milioni 1.6 hivi, karibu mara nane. Hoja yao ilikuwa nyepesi kueleweka: nchi yenye watu wasiofika milioni tatu isingejenga viwanja hivyo vyote, ndani ya eneo dogo, kama si Kombe la Dunia. Aliyeagiza ndiye alipe bili.

Juni 2023 tume ya Uswisi inayosimamia ukweli katika matangazo ya biashara ilitoa uamuzi kuhusu malalamiko yaliyotoka nchi tano za Ulaya. Ilisema FIFA haikuweza kuthibitisha madai yake, na ikaitaka iache kuyatoa bila ushahidi. Tume hiyo haina meno ya kutoza faini. Hata hivyo uamuzi wake ni onyo kwa maofisa wa michezo. Wanapaswa kuwa na tahadhari kubwa wanapotaka kuliita tukio lao safi.

Kipo kipande kimoja cha Qatar ninachokipenda, nacho ni Uwanja 974, uliojengwa kwa makontena ya meli 974 ili ubomolewe na kuhamishiwa kwingine. Picha zake zilizunguka dunia nzima. Desemba 2024, miaka miwili baada ya fainali, Botafogo ya Brazil na Pachuca ya Meksiko zilicheza hapo hapo, uwanja ukiwa umesimama palepale. Kuendelea kuutumia si dhambi. Ni afadhali kuliko kuuvunja halafu kujenga mwingine. Lakini uwanja wa muda ulioahidiwa kwenye karatasi na uwanja uliopo ardhini ni vitu viwili, na mkaguzi anapaswa kuhesabu wa pili.

Na hiyo fidia ni kitu gani? Ni hati zinazonunuliwa, zikisema kwamba mahali fulani tani kadhaa za hewa ukaa zimezuiwa au zimefyonzwa. Afrika Mashariki tunazifahamu kwa sababu tunaziuza: Kasigau huko Taita Taveta, na bonde la Yaeda wanakoishi Wahadzabe, ni miongoni mwa maeneo ambayo misitu yake imewaletea wenyeji fedha kwa njia hiyo. Sina ugomvi na mwanakijiji anayelipwa kwa kuulinda msitu wake. Ugomvi wangu ni na mratibu wa mashindano anayeuchukua msitu huo kuwa ruhusa ya kuongeza mechi.

Michezo ya Olimpiki ya Paris 2024 ilionesha kwamba mambo yanaweza kufanywa vingine. Asilimia 95 ya kumbi na viwanja ilikuwa imeshakuwepo au ya muda. Kituo cha kuogelea cha Saint-Denis kilikuwa karibu peke yake katika kumbi za kudumu zilizojengwa kwa ajili ya mashindano. Ripoti ya waandaaji iliyafikisha makadirio ya mwisho kwenye tani milioni 1.59, chini ya nusu ya wastani wa London 2012 na Rio 2016. Sehemu kubwa ya kilichobaki ni safari za watu, jambo ambalo mwenyeji hawezi kulimaliza kwa kupaka rangi ya kijani. Mto Seine ulisafishwa kwa takriban euro bilioni 1.4. Mvua iliponyesha wakati wa Michezo bakteria walipanda na mbio za triathloni zikaahirishwa, watu wakacheka. Kiangazi cha 2025 wakazi wa Paris wakaruhusiwa kuogelea mtoni humo baada ya marufuku iliyodumu tangu 1923. Huo ni urithi unaoweza kuguswa, na kicheko kimepungua.

Hata Paris hiyo hiyo haikuweza kujizuia. Mashindano ya kuteleza juu ya mawimbi yalipelekwa Teahupo'o, kisiwani Tahiti, zaidi ya kilomita 15,000 kutoka mji mwenyeji, kwa sababu wimbi la pale ni zuri kwenye televisheni. Waamuzi walihitaji mnara. Wenyeji waliandamana kuutetea mwamba wao, mnara ukapunguzwa ukubwa, lakini Desemba 2023 tishari lililokuwa likijaribiwa kubeba vifaa lilikwama na kuvunja matumbawe. Wavuvi wa Mafia au wa Kizimkazi hawahitaji kuelezwa maana yake: tumbawe lililovunjika kwa dakika moja hukua kwa miaka mingi.

Ukiondoa mifano hiyo michache, mwelekeo wa jumla ni kuongeza. Kombe la Dunia lililokuwa na timu 32 na mechi 64 limepanuliwa kuwa na timu 48 na mechi 104 mwaka 2026, nchini Marekani, Kanada na Meksiko, bara ambalo kutoka Vancouver hadi Miami hakuna basi la kukutoa kwenye mechi moja ukawahi nyingine. Kundi la watafiti la Scientists for Global Responsibility limekadiria gesi joto za mashindano hayo kuwa tani milioni 9. Njia yao ya kuhesabu si ile ya FIFA, kwa hiyo mtu asiweke tarakimu hiyo kando ya ile ya Qatar akadhani anapima kwa mizani moja. Ila hata ukiipunguza robo bado ni kubwa. Mwaka 2030 Uhispania, Ureno na Moroko ndizo wenyeji, na mechi za ufunguzi zitachezwa pia Uruguay, Argentina na Paraguay ili kuadhimisha miaka 100 ya Kombe la kwanza. Nchi sita, mabara matatu. Heshima ya Kombe hilo la kwanza ingeweza kutolewa kwa sherehe.

Bili ya haya yote inalipwa na nani? Kwa sehemu, na wanariadha wetu. Septemba 2019, Doha, marathoni ya wanawake ya mashindano ya dunia ya riadha ilianza karibu saa sita usiku ili kulikimbia jua. Joto lilikuwa nyuzi 32 hivi na unyevu zaidi ya asilimia 70. Wakimbiaji 68 walianza. 28 hawakumaliza, wengine wakaondolewa kwa viti vya magurudumu. Mkenya Ruth Chepngetich alishinda kwa saa 2:32:43, muda wa polepole kuliko wowote uliowahi kuleta dhahabu hiyo katika historia ya mashindano hayo. Kwa Michezo ya Tokyo, marathoni ilihamishiwa Sapporo, kilomita 800 kaskazini, kukwepa joto. Hata huko mbio za wanawake ziliwahishwa saa nzima, zikaanza saa kumi na mbili asubuhi, na uamuzi huo ulitolewa usiku wa kuamkia mbio. Peres Jepchirchir alishinda, Brigid Kosgei akawa wa pili. Mtu wa Iten anayeamka alfajiri kukimbia kwenye baridi ya juu ya mlima ndiye anayepelekwa kwenye tanuri kwa sababu huko ndiko uenyeji ulikopelekwa. Sapporo inathibitisha kwamba ratiba hubadilika wakati maofisa wanapoogopa mtu kufa mbele ya kamera.

Jezi na nyasi nitazipitia haraka, ingawa ndizo zinazotugusa kila siku. Jezi nyingi ni polista, yaani plastiki, na klabu hutoa mpya kila msimu: ya nyumbani, ya ugenini, na ya tatu ambayo hakuna aliyeiomba. Mwaka 2010 Nike walizivalisha timu kwenye Kombe la Dunia jezi zilizotengenezwa kwa chupa zilizorejelezwa, wazo zuri lisilogusa idadi ya jezi. Nyasi bandia ni suala zito zaidi. Ukitazama watoto wakivua viatu baada ya kucheza Kaitaba, Bukoba, au Nyamagana, Mwanza, utawaona wakikung'uta vichembe vidogo vyeusi. Kwenye nyasi za namna hiyo vichembe hivyo kwa kawaida ni mpira uliosagwa, mara nyingi wa matairi makuukuu, na kila mvua na kila soksi huvitoa vichache kiwanjani kwenda kwenye udongo na ziwani. Umoja wa Ulaya uliamua mwaka 2023 kuvipiga marufuku sokoni, ukiwapa wenye viwanja muda hadi 2031. Nyasi hizo zimeokoa soka ya miji isiyo na maji ya kumwagilia, na mimi si wa kusema ziondolewe kesho. Ninachosema ni kwamba shirikisho la soka la Tanzania, TFF, na halmashauri ziandike sasa kwenye mikataba ya ununuzi aina ya kichembe inayokubalika, kabla mzigo uliokataliwa Ulaya haujashushwa bandarini kwetu kwa bei ya kutupa.

Suala la wadhamini ndilo gumu kuliko yote. TotalEnergies imekuwa mdhamini mkuu wa mashindano ya CAF, shirikisho la soka la Afrika, tangu 2016, na jina lake limo ndani ya jina rasmi la AFCON, Kombe la Mataifa ya Afrika. Kampuni hiyo hiyo ndiyo yenye hisa kubwa, asilimia 62, katika bomba la mafuta ghafi lenye urefu wa kilomita 1,443 kutoka Hoima, Uganda, hadi Chongoleani, Tanga. Hoima ndiko Uganda ilikojenga uwanja mpya wa watu 20,000 kwa ajili ya AFCON 2027. Hivyo timu itakayocheza pale itakuwa ikicheza jirani na chanzo cha bomba, chini ya bango la mmiliki wake. Huhitaji kuwa mpinzani wa bomba kuiona picha hiyo. FIFA nayo iliingia mkataba na Aramco ya Saudi Arabia mwaka 2024, na Oktoba ya mwaka huo wanasoka wanawake zaidi ya 100 waliandika barua ya wazi kuupinga.

Watafiti wale wa Scientists for Global Responsibility walikadiria mwaka 2025 kwamba soka yote duniani huzalisha tani kati ya milioni 64 na 66 kwa mwaka, na kwamba robo tatu yake inatokana na mikataba ya udhamini, kwa hoja kwamba tangazo huuza mafuta na tiketi za ndege zaidi. Mimi sikubaliani na hesabu hiyo. Lita ya dizeli iliyochomwa na lori la Kahama imeshahesabiwa kwenye lori; ukiihesabu tena kwenye bango la uwanjani unahesabu moshi mmoja mara mbili. Na CAF si UEFA. Bila mdhamini mkubwa zawadi za washindi zinapungua, na wa kwanza kuumia ni mashindano ya wanawake na ya vijana. Uganda na Tanzania nazo zina haki ya kutumia rasilimali zao kama walivyofanya wengine. Lakini haki ya kuchimba haimpi mchimbaji haki ya kununua mapenzi ya watoto wa shule kwa ajili ya nembo yake. Tumbaku ilitolewa kwenye magari ya mashindano na kwenye viwanja, na michezo haikufa. Ilitafuta fedha kwingine. CAF ingeweza kuanza kwa kuliondoa jina la mdhamini kwenye jina la Kombe lenyewe na kulibakiza kwenye mabango.

AFCON 2027 itatuweka sisi kwenye mizani. Kenya, Tanzania na Uganda zimepewa uenyeji kwa pamoja, na ubishi wa ushabiki umekuwa ni uwanja wa nani utakwisha kwanza. Arusha inajenga, Nairobi inajenga Talanta wa watu 60,000 kando ya Ngong Road. Hoima ina Kitara FC yake, kwa hiyo uwanja wake una mwenyeji. Nairobi tayari ina Kasarani na Nyayo, na sijaona mpango ulioandikwa wa nani atakuwa akijaza viwanja vyote vitatu ifikapo 2030. Manaus, Brazil, ilijenga uwanja wa mechi nne za Kombe la Dunia la 2014 na hadi leo haina klabu ya kuujaza. Zege limeshamwagwa, moshi wake hauwezi kurudishwa kwenye mfuko wa saruji. Kinachobaki mikononi mwetu ni jinsi watu watakavyosafiri.

Kwa hilo tuna mfano wetu wenyewe. Kwenye CHAN 2024, mashindano ya Afrika ya wachezaji wa ligi za ndani yaliyochezwa Agosti 2025, kila kundi lilipewa mji wake: Nairobi, Dar es Salaam, Kampala na Zanzibar, na isipokuwa mechi chache za mwisho za makundi, timu zilikaa mahali pamoja. Shabiki wa Morogoro alijua kundi lake liko Dar, hakuhitaji ndege. AFCON ina timu 24 katika makundi sita, hivyo kila nchi inaweza kupewa makundi mawili kamili, timu zisivuke mpaka hadi hatua ya mtoano. Reli ya umeme ya Dar es Salaam hadi Dodoma inapita Morogoro, na barabara ya mwendokasi ya Mbagala inapita Kilwa Road, jirani kabisa na Mkapa. Tiketi ya mechi iwe pia tiketi ya mwendokasi siku hiyo, kama wanavyofanya Wajerumani kwenye ligi yao kwa miaka mingi, na eneo la kuegesha magari lipunguzwe kwa makusudi. Hakuna hata kimoja kati ya haya kinachohitaji teknolojia mpya.

Kuna kishawishi kimoja ambacho kamati za maandalizi zitakutana nacho: kuzisambaza Taifa Stars, Harambee Stars na Cranes katika miji mingi ili kila mkoa na kila mwanasiasa apate mechi yake. Mechi ya kisiasa katika mji fulani inaonekana zawadi kwa wananchi, ilhali ni misafara ya mabasi, ndege za kukodi na magari ya serikali ya kwenda na kurudi. Wakatae. Na makadirio ya gesi joto ya AFCON 2027 yachapishwe kwa Kiswahili siku ile ile ratiba inapotangazwa, yakionesha safari, ujenzi na umeme kila kimoja peke yake, wakati bado mtu anaweza kubisha na kitu kikabadilika. Ripoti itakayotoka miezi sita baada ya fainali haitamsaidia mtu.